Gyalzen Alivyokataa Filamu

Gyalzen wa kijiji cha Phortse alipanda milima miaka mingi akiwatangulia wageni, mpaka baridi ilipomla vidole viwili vya mguu. Daktari alimwonya kwamba akirudi juu, mguu wenyewe utafuata. Lakini majira ya kupanda yalikaribia, na Gyalzen hakujua kazi nyingine. Alikwishatoa kamba zake kuzianika. Mkewe, Yangji, alizitazama kama mtu amwonaye nyoka kalala uani.

Ndipo wakaja watu wa filamu kutoka Kathmandu. Walimtaka awaonyeshe njia tu, lakini mwongozaji wa filamu, mwanamke aitwaye Binita, akawa hamwondolei macho. Uso wa Gyalzen huo: jua la theluji limeuchoma, na macho hucheka kabla ya mdomo.

Mimi jirani yao nilikuwepo, tumezunguka meko, Binita aliposema, "Kaka Gyalzen, nafasi ya baba katika filamu nataka uicheze wewe."

Masikio ya Gyalzen yalikuwa mekundu kwa furaha. Hata hivyo akainamisha kichwa. "Hapana, dada. Mimi mtu wa kamba. Siwezi."

"Sawa, nimekuelewa," Binita akasema. Akaaga, akatoka.

Gyalzen akabaki anautazama mlango. Kwetu mgeni akikaribishwa kinywaji hukataa. Akibembelezwa hukataa tena. Mara ya tatu ndipo hupokea. Apokeaye upesi ni mlafi, naye asiyebembeleza ni mchoyo.

"Ameenda," akasema.

"Ameenda!" Yangji akamrukia. "Ulidhani utabembelezwa kama bibi harusi? Yule wa mjini, baba Diki. Kwao hapana ni hapana."

"Labda atarudi."

"Atampa binamu yako wa Khumjung, anayekubali kabla hajaulizwa. Mfuate!"

"Nikaombe? Watu watanionaje?"

"Watakuona hai," Yangji akasema.

Akatoka akichechemea, nasi nyuma yake. Tuliwakuta wakipakia mizigo juu ya yaki, wale ng'ombe wa mlimani wenye manyoya marefu, wapagazi wamejaa njiani. Gyalzen alimwendea Binita mbele yao wote.

"Dada, ile nafasi naitaka."

"Lakini ulikataa, kaka."

"Nilikataa mara moja tu."

Wapagazi wakaangua kicheko. Mmoja wao, mzee, akamwambia Binita, "Ulipaswa kumbembeleza, dada. Bado mara mbili."

Binita akakutanisha viganja kifuani. "Kaka Gyalzen, nakusihi."

"Hapana, dada, siwezi," Gyalzen akajibu, kwa mazoea ya ulimi.

"Mjinga huyu!" Yangji akapiga kelele.

"Nakusihi tena," Binita akasema, naye sasa anacheka mpaka machozi.

"Haya basi," Gyalzen akasema. "Kwa kuwa umenilazimisha."

Majira yale, wenzake walipokuwa juu barafuni, Gyalzen alisimama bondeni mbele ya kamera akimlilia mwana asiyerudi kutoka mlimani. Alilia kwa sauti ya chini, kama tuliavyo sisi. Yangji, nyuma ya taa, akalia naye. Kisha akapangusa uso, akaanza kuwagombeza watu wa filamu kwamba mumewe tangu asubuhi hajapewa hata kiazi.