Ulori, Madini ya Meno Yetu

Mimi hufundisha kemia, na ninajua vizuri kwamba ulori haumo kwenye jedwali la elementi. Jedwali hilo limetundikwa ukutani darasani kwangu miaka mingi. Kila ninapolifuta vumbi huwa naudhika kidogo, kwa sababu ulori ndiyo madini ya kwanza niliyofundishwa maishani, na aliyenifundisha ni mama yangu.

Nilikuwa darasa la pili wakati meno yangu ya mbele ya utotoni yalipong'oka na ya ukubwani yakaota. Yaliota na mabaka ya kahawia, kama chai ya rangi iliyokaukia kwenye kikombe. Nilisimama mbele ya kioo cha baba cha kunyolea, nikayasugua kwa mswaki mpaka ufizi ukatoa damu, kisha nikaketi sakafuni nikalia. Mama akanikuta hapo. Yeye ni mtu wa Magharibi mwa Kenya, alikuja kuolewa huku kwetu Gilgil akiwa mtu mzima, na meno yake yalikuwa meupe kabisa. Akaketi kando yangu akanishika kidevu, akayatazama meno yangu kwa muda.

"Kumbe na wewe umechaguliwa," akasema.

Ndipo aliponipa habari za ulori. Chini ya Menengai, alisema, iko nchi yenye watu wake na mfalme wake, na ule mvuke unaopanda kutoka kwenye mashimo ya mlima ni moshi wa majiko yao. Huko dhahabu hufuliwa kuwa sufuria, maana haina thamani. Kinachotafutwa ni ulori, na ni adimu hivi kwamba mchimbaji akipata punje moja maishani, hata wajukuu wake wanaheshimiwa. Lakini ulori una kiburi. Ukitiwa mfukoni unayeyuka, ukifungiwa sandukuni unatoweka. Mahali pekee unapokubali kukaa ni kwenye meno ya mtoto. Basi wale watu huuachilia kwenye maji ya chini ya ardhi, ili upande wenyewe hadi visimani, ujichagulie watoto. Yale mawe meusi yanayong'aa kama chupa iliyovunjika, tuliyoyaokota kando ya barabara, yalikuwa makapi yake. Na nchi hiyo ina lango moja tu. Mlinzi haulizi kitambulisho wala jina la baba yako. Anasema, "Cheka nione," na akiona ulori, anafungua.

Nikamwuliza yeye ataingiaje na meno meupe. Akanijibu kwamba hataingia, ila atanisindikiza hadi langoni, angoje hapo nje na chupa ya chai mpaka nirudi. Jambo hilo lilinisikitisha kuliko meno yangu mwenyewe. Niliacha kulia kwa sababu nilianza kumhurumia yeye.

Shuleni habari hizo zilipokelewa kwa shangwe, maana karibu darasa zima lilikuwa na meno kama yangu. Pengo kwenye ua wa miiba ya kayaba likawa lango, na mimi, kwa kuwa habari ni zangu, nikawa mlinzi. Kulikuwa na msichana mmoja aliyehamia kutoka Subukia, meno meupe kama ya mama. Hakuingia hata siku moja. Asubuhi moja alikuja ameyapaka majani ya chai yaliyochemshwa, akacheka mbele yangu kwa matumaini makubwa. Nilipitisha kidole kwenye jino lake, nikakitazama, nikatangaza kwamba ulori huo ni feki. Alilia mpaka kengele ikalia. Ninaona aibu hata ninapoandika haya.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Ya mama yangu ilitoka darasa la pili ikafika kidato cha kwanza, ambayo kwa kweli si fupi. Nilipelekwa shule ya bweni mbali na Bonde la Ufa. Wakati huo nilikuwa nimeshaacha kuamini habari za mfalme na majiko, lakini uso wangu ulikuwa bado unaamini. Nilifika bwenini nikacheka na kila mtu, meno yote nje, nikingoja kufunguliwa. Jioni ile msichana wa kitanda cha jirani aliniletea dawa yake ya meno, akanong'ona kwamba naweza kuitumia yote. Hakuwa akinidharau, alinionea huruma, na hiyo ndiyo iliyoniuma. Wiki chache baadaye mwalimu wa kemia alifika kwenye somo la floridi, ambayo ikizidi kwenye maji ya kisima huyatia meno ya watoto mabaka ya kahawia. Aliniambia nisimame niwaonyeshe wenzangu. Nikasimama, nikaonyesha.

Kwa hiyo jibu lilikuwa floridi. Baba alinunua ploti ya nyumba yetu kwa sababu ya kisima kirefu kilichokuwapo, na majirani walimwonea wivu kwa ajili ya kisima hicho. Damu ni nzito kuliko maji, husema watu. Kwetu maji ndiyo yaliyokuwa mazito.

Likizo ilipofika nilimkuta mama jikoni akimenya viazi. Sikumsalimia.

"Ulinidanganya," nikamwambia.

Hakujifanya haelewi. "Ulikuwa unalia," akasema. "Ungetaka nikwambie nini?"

"Ukweli."

"Ukweli ni kwamba hatukuwa na maji mengine."

Akaendelea na viazi vyake. Mimi nikafunga mdomo, na ninaposema hivyo simaanishi kwamba niliacha kuongea, kwani kelele ninazo hadi leo. Niliacha kucheka mbele yake. Nilijifunza kutabasamu midomo ikiwa imefungwa, na kicheko kikinishinda, naweka kiganja mdomoni. Picha zangu za harusi zinaonyesha mtu aliyeletwa kwa nguvu. Wanafunzi wangu huniita Madam Serious na wanadhani sijui. Mama hakuwahi kuniuliza, lakini mara nyingi nilimwona akiniangalia kiganja kikipanda, kisha akiangalia kando.

Baba alipofariki nilimleta mama akae nami hapa mtaa wa Section 58. Mwaka jana meno yake, yale meupe, yalianza kulegea, na katika miezi michache daktari akawa ameyang'oa yote ya juu. Nikampeleka kwa fundi wa meno ya bandia mjini, kijana mpole sana, ambaye alitoa kibao chenye meno ya mfano yaliyopangwa kutoka jeupe hadi la manjano, akamwomba achague rangi. Nilimwambia mama achukue ile nyeupe ya kwanza, inayofanana na meno aliyokuwa nayo.

Mama alikisukuma kibao. "Niwekee kama ya huyu," akasema, akinionyesha mimi.

Fundi alidhani anatania. "Mathe, watu huja hapa kutoa hiyo rangi, si kuiweka."

"Wewe niwekee. Nimengoja nje muda mrefu."

Kijana hakuelewa. Mama hakunitazama. Alikuwa amekaa na kibeti chake mapajani, ufizi wake mtupu, kama mtu aliyeleta ombi ofisini na hajui kama litakubaliwa. Nikamkumbuka yule msichana wa Subukia.

Fundi alikuna kichwa. Alisema rangi kama hiyo haimo kwenye kibao, ila anaweza kuchukua lile la manjano kabisa na kulitia mabaka kwa mkono, mradi aone anachokiiga. Akawasha taa yake ndogo akanigeukia.

"Madam, cheka kidogo nione."

Kiganja changu kilikuwa kimeshapanda. Nikakirudisha chini, nikacheka, nikilia kidogo pia, mdomo wazi. Fundi akasogeza taa, akaanza kulinganisha jino moja baada ya jingine, na mama akamwambia asiharakishe.