Shamba Ndani ya Simu

Mchezo wetu wa kulima uliishi ndani ya simu yangu. Mimi ndiye niliyeufungua, mwenzangu akaingia kupitia mtandao, na nikiufunga naye alitoka. Aliishi mtaa wa Bungulu, mjini Beni, huko Kongo, na hatukuwahi kuonana. Shamba lake la kweli lilikuwa nje ya mji, na kwa sababu ya vita hakuthubutu tena kulikanyaga. Basi tulilima pamoja kwenye mchezo, yeye akipanda maharage, mimi nikichota maji, na tukiongea humo humo; aliniita yaya, yaani mkubwa wake.

Mchana mmoja nilikuwa Mususa nikingoja lori, mfuko mgongoni. Sikuzoea kukaa mahali pamoja. Hata shule niliiacha nikitaka kuona barabara inaishia wapi. Lori la kwenda Kipese, ambako mtandao haukufika, likapiga honi.

“Naenda, ndugu yangu. Nafunga.”

“Yaya, hapana funga kwanza! Nabakisha mistari mbili tu. Lakini wewe, kila siku unakimbia kama mbuzi yenye kukata kamba. Nani anakufukuza?”

“Lori inaniacha!”

“Iache iende. Mimi niko na shamba moja tu, ni hii.”

Dereva alinitukana, akaondoka. Nikakaa juu ya jiwe, nikamchotea maji hadi mbegu ya mwisho.

“Aksanti sana, yaya.” Nyuma yake nilisikia watoto wakicheka. “Bibi anaita, sombe imeiva. Wewe unakula wapi?”

Nilimdanganya kwamba nami naitwa. Alipotoka sikufunga. Nilitembea peke yangu kati ya mistari yake, nikinywesha maharage yaliyokwisha kunyweshwa.