Hatua Thelathini za Nyasi

Eskild Nørbak alizaliwa nyumba ya tatu kutoka kwetu, na hakuna aliyejua kuichora ardhi ya kijiji chetu cha Vesterklint kama yeye. Hilo simnyimi. Mengine nitamnyima.

Baba yake alilima viazi. Mtoto akawa anachora kwa mkaa kwenye milango ya mazizi ya watu, anachapwa, anachora tena, mpaka mchungaji wa kanisa akaandika barua na kijana akapelekwa Copenhagen kusomea uchoraji. Alikwenda na viatu vya mbao, akarudi na koti la mahameli. Tangu hapo kila Agosti alikuja kulala kwa dada yake mkubwa, Sidsel, katika nyumba waliyozaliwa, ya mwisho upande wa bahari.

Asubuhi alibeba kiti chake cha kukunja na sanduku la rangi, akachora kwenye kipande cha ubao, mbiombio, kabla mwanga haujageuka. Michoro hiyo midogo ilikuwa ya kweli mpaka inatisha. Ila wanunuzi wa mjini hawakuitaka. Wakati wa baridi, huko mjini, aliikuza kuwa picha kubwa, na hapo ndipo ujanja ulipoanza. Anahamisha mti. Anafuta rundo la samadi la jirani yetu Jeppe. Anapunguza mawimbi. "Watu wanataka nchi iliyotulia," alinieleza. Sawa, samadi ya Jeppe haikuwa na wa kuililia.

Lakini kila mwaka picha moja ilirudi kwa Sidsel: nyumba yake, nyasi nyuma yake, kisha ukingo na bahari chini. Tisa zilikuwa zimepangwa ukutani sebuleni.

Sidsel hakuwa kipofu, ila macho yake yalikuwa ya karibu tu. Kitu kikiwa mbali kuliko mkono wake, kwake kilikuwa ukungu. Ukingo hakuuona, na kuusogelea tulimkataza. Kwa hiyo alibandika pua kwenye picha za mdogo wake, na humo ndimo alimoiona nchi yake.

Huku kwetu bahari inakula ardhi, na kila mtu anajua la kufanya. Ukingo ukifika hatua ishirini kutoka ukutani, mwenye nyumba anaita magari ya kukokotwa. Majirani tunakuja na farasi, tunabomoa, tunahamisha matofali na mbao mpaka mbali na bahari, tunajenga upya. Ila lazima aite mwenyewe, kwa mdomo wake. Kugusa paa la mtu ambaye hajaita ni sawa na kumwambia amekwisha, na aibu hiyo haisahauliki kwa vizazi.

Masika yale nilihesabu nyuma ya nyumba ya Sidsel nikapata hatua kumi na nne. Nikaingia kumwambia. Akanivuta mkono mpaka ukutani penye picha.

"Hesabu hapa! Miaka tisa, nyasi ni zilezile. Hatua thelathini. Wewe Johanne umenenepa, hatua zako zimekuwa ndefu."

"Mtu akinenepa hatua zinafupika, mwenzangu."

"Basi kilichonenepa ni kichwa."

Tulicheka, akanimiminia kahawa. Nilipotoka nilihesabu tena: kumi na nne.

Agosti Eskild akaja, na siku moja akaacha ubao wake ukaukie kwenye ukuta wetu. Nikautazama. Ukingo ulikuwa pale pale nilipouhesabu, karibu na nyumba mpaka nikarudi nyuma. Nikamfuata.

"Bwana mchoraji, ubao huu na zile picha za dada yako, kipi ni uongo?"

Alifuta brashi yake kwa muda mrefu. "Ukingo ukiwa karibu hivyo, picha inasumbua. Jicho linataka mahali pa kupumzika."

"Jicho likapumzike kitandani! Sidsel anaishi humo!"

"Mwaka wa kwanza niliongeza nyasi kwa ajili ya picha. Wa pili nikaona jinsi alivyofurahi. Baada ya hapo ningerudije nyuma?"

"Kwa mdomo. Umwambie zile tisa ni uongo, aite magari."

Akaapa atamwambia. Badala yake akajifungia zizini kwetu wiki mbili, akachora picha kubwa ya kumi, ya kweli tupu. Ni kazi bora kuliko zote alizowahi kufanya, na mpaka leo siwezi kuitazama. Jumapili baada ya ibada akampa Sidsel, tukiwa mezani kwake na kahawa na keki.

Sidsel akabandika pua. Akaipitisha pua kutoka pembe hadi pembe, nikadhani ameelewa. Kisha akacheka.

"Maskini mdogo wangu, umezeeka! Umebanabana kila kitu. Nyasi umeziacha wapi?"

Nikampiga Eskild teke chini ya meza. Akafungua kinywa. Akazitazama zile tisa ambazo dada yake alimwonyesha kila mgeni, hata muuza sindano.

"Mkono umechoka, dada," akasema, akanywa kahawa yake.

Nilimchukia siku ile. Sidsel aliisukuma picha nyuma ya kabati.

Septemba ilipofika Eskild hakurudi mjini. Alihamia darini kwetu, eti anatafuta mwanga wa mashariki. Mwanga gani! Aliogopa kulala nyumba ile, akamwacha dada yake alale humo. Kila siku alisimama penye ukingo, na kila siku nilimuuliza kama amemwambia, maana mimi Sidsel asingeniamini.

"Kesho nitamwambia," alijibu. Oktoba yote ikaisha na kesho zake.

Novemba upepo wa magharibi ulivuma siku tatu bila kupumua. Siku ya tatu, asubuhi tukinywa uji, ardhi ilitikisika chini ya miguu yetu na vikombe vikagongana kabatini. Eskild akatoka mbio bila koti, nami nyuma yake. Tulipofika tuliona ukuta wa magharibi wa nyumba umesimama, na nyuma yake hakuna kitu. Hatua zote kumi na nne zilikuwa zimekwenda chini.

Mlango wa mashariki ulikuwa na komeo kwa ndani. Tukaugonga kwa ngumi.

"Sidsel! Toka! Toka sasa hivi!"

"Nakuja, jamani, mbona makelele?" sauti yake ilijibu. "Niwachukue kondoo wangu kwanza."

Kondoo aliwafunga nyuma, hatua tano kutoka mlango wa magharibi. Njia hiyo miguu yake iliijua.

Eskild akabandika mdomo kwenye ufa wa mlango. "Usiende! Dada, nilikudanganya! Zile picha ni uongo, nyasi niliziongeza mimi! Hakuna kitu huko!"

"Sikusikii, upepo! Utaniambia nikirudi."

Tukasikia komeo la mlango wa magharibi likivutwa.

Huwa namlaani Eskild mbele ya watu, nao wananikubalia. Ila kondoo hawakuwa kule. Jana yake jioni, sikuupenda ule upepo, niliwaleta zizini kwangu. Sidsel alikuwa amelala, nikasema nitamwambia kesho.