Mnadi wa Sheikha Ghezala

Mdomo wangu huu! Laiti ningeuziba siku ile.

Miaka kumi na tisa nilikuwa mnadi wa Mokhtaria hapa Oran. Yeye akiimba rai, muziki wetu wa harusi na vilabuni, mimi napaza sauti katikati ya wimbo: huu ni wa fulani, huu ni wa watu wa mtaa fulani! Kutajwa ni heshima. Mokhtaria mwenyewe ndiye ambaye hakutajwa kamwe. Kwenye kanda aliitwa Sheikha Ghezala, maana sheikha kwetu ni mwanamke mwimba rai, na picha ya jaladani ilikuwa ya mwanamke mmoja wa Kifaransa, iliyokatwa kwenye kalenda. Majirani walimjua kama mjane, fundi cherehani, mama wa Fadila.

Fadila akachumbiwa na watu wa Relizane, watu wa swala tano. Wiki hiyo hiyo tukaingia studio. Mokhtaria aliimba kwa furaha mpaka mpiga ngoma akatokwa machozi, na mimi nikapandwa na wazimu: "Na huu ni wa Fadila binti Mokhtaria, bibi harusi wetu!" Wallahi, nilidhani nampa zawadi. Yeye alikuwa amefumba macho, filimbi zinalia, hakusikia.

Kanda haikumaliza mwezi sokoni, mama wa bwana harusi akabisha hodi kwa Mokhtaria.

"Mama Fadila, kanda zako ninazo zote, nimezicheza jikoni mpaka zimekatika," alisema. "Lakini sasa tunasemwa hadi msikitini. Sheikha aliye hai ni aibu. Akishakufa, watu humwombea rehema."

Akaondoka bila hata kunywa kahawa.

Mokhtaria akaja kwangu moja kwa moja.

"Habib, kesho unamnadia nani?"

"Kijana mmoja, mwimbaji mpya."

"Basi tangaza nimekufa."

"Wee mwanamke, una kichaa?"

"Ulimtaja mwanangu bila kuulizwa. Sasa nakuomba, unakataa?"

Nikatangaza, katikati ya wimbo wa yule kijana. Sauti ilinikwama, watu wa studio wakasema ndiyo nzuri, iache hivyo hivyo. Watu walilia madukani. Kabla kanda hiyo haijatoka, Mokhtaria alikuwa amemaliza kushona gauni la harusi, akahamia Mostaganem, mahali asipojulikana. Fadila, anayeijua siri yetu, akaolewa bila mama.

Juzi Fadila alijifungua binti. Mokhtaria akatuma mtu kwangu: niulizie tu jina la mtoto, basi.

Nimeuliza. Mtoto ameitwa Mokhtaria, kwa kumkumbuka marehemu bibi yake. Mjumbe amekaa hapa sebuleni tangu asubuhi anangoja jibu, nami sijui nimwambie nini.