Walivyopima Akili ya Yaya Zaina

Darasa lile lilinuka chokaa mbichi na kinyesi cha popo. Walikuwa wameliezeka mabati mapya na kulipaka kuta upya, lakini popo waliolirithi wakati wa vita hawakukubali kuhama. Walirudi kila alfajiri, wakajibana chini ya bati, na jua lilipopanda harufu yao ilishuka juu ya vichwa vyetu ikachanganyika na ile ya chokaa. Hata leo nikiingia katika nyumba iliyopakwa chokaa karibuni hutafuta sababu ya kutoka nje. Ilikuwa kwetu Baraka, upande wa Kongo wa ziwa, kiangazi kile tuliporudi kutoka kambini Tanzania. Ndani ya darasa hilo mtu aliyetoka mjini aliipima akili ya dada yangu, akaiona pungufu.

Tulikuwa tumevuka ziwa pamoja na familia nyingi za wilaya yetu ya Fizi, kila mmoja akiamini kwamba kwao kunamsubiri. Nyumba yetu tuliikuta kuta tupu, bila paa, mihogo imeota pale palipokuwa sebule. Bibi mzaa baba, aliyekataa kukimbia kwa sababu alisema miguu yake imechoka kukimbizwa na vijana, hatukumkuta, wala hakuna aliyeweza kutuonyesha kaburi lake. Baba akaanza kung'oa mihogo. Yaya Zaina alimsaidia bila kuambiwa. Kwetu yaya ni ndugu aliyekutangulia kuzaliwa, na yeye alinitangulia kwa miaka kama minne. Mimi nilikuwa na miaka tisa.

Kambini tulilelewa mahali pamoja lakini hatukuishi maisha mamoja. Mimi niliwekwa chekechea mapema, nikakaa kwenye mikeka nikichezea kadi za picha na kuimba majina ya vitu. Yaya alisoma kwa vipande vipande, maana mama alikuwa mgonjwa mara kwa mara, na lazima mtu apange foleni ya maji, na lazima mtu ambebe mdogo wetu. Katika foleni hizo alijifunza Kirundi cha majirani na Kiha cha wauza ndizi, akawa anawaigiza wote jioni mpaka mama alikohoa kwa kucheka. Kusoma alijua. Hesabu alizijua nusu. Alipokuwa hajui kitu aliuliza, akauliza tena, mpaka aliyeulizwa akakiri kwamba naye hajui. Baba alizoea kusema kwamba huyu atakuwa muuguzi, na aliposema hivyo yaya alikaa wima zaidi.

Shule ya karibu ilifurika watoto waliorudi kama sisi, wengine wakubwa kuliko madarasa yao. Direkta wa shule alitangaza kwamba kila mtoto angepangiwa darasa kwa kadiri mtaalamu atakavyoona. Mtaalamu mwenyewe alikuwa kijana mwenye shati lililonyooshwa vizuri, aliyesomea mjini elimu ya nafsi na akili, na aliyebeba sanduku lenye kadi na vipande vya mbao. Watu walimwita mpimaji. Wanawake kisimani walibishana kama angewachungulia watoto masikioni au angewatoa damu. Baba aliwacheka, alisema ni jambo la kitaalamu, kama kupima homa. Wahenga walisema akili ni nywele, kila mtu ana zake, lakini siku ile hakuna aliyeukumbuka usemi huo. Mama alimsuka yaya nywele upya na kumvika kitenge alichokuwa akikiweka kwa ajili ya Idi.

Tuliingia pamoja kwa kuwa ni ndugu, mimi nikaambiwa ningoje kwenye benchi la nyuma. Mpimaji hakuwa mtu mbaya. Alimkaribisha yaya kwa upole, akamuuliza jina, akapanga mezani picha nne: samaki, kuku, mbuzi na kisu. Akamwambia atoe kimoja kisichoendana na vingine. Yaya alizitazama zote, akasukuma mbuzi pembeni.

"Juu ya nini?" mpimaji aliuliza sababu.

"Samaki, kuku na kisu, ile ni chakula ya leo. Mbuzi tunangojaka sikukuu."

Mpimaji aliandika kitu. Zikafuata picha nyingine na vile vipande vya mbao, ambavyo yaya alivipanga kwa namna aliyoiona nzuri na si kwa namna aliyoonyeshwa. Mwishoni akamwekea picha ya nyumba. Ilikuwa nyumba ya kizungu, yenye paa la mteremko na maua pembeni, na mlango wake mchoraji alikuwa ameacha kuuchora kusudi. Akamuuliza kinakosekana nini hapo. Yaya aliinama, akaitazama nyumba ile kwa muda mrefu kuliko picha zote zilizotangulia. Nilimwona akipitisha kidole kwenye madirisha, moja baada ya jingine.

"Benye nyumba," alisema. "Hakuna muntu."

Mpimaji akaiondoa picha. Ilipofika zamu yangu nilisema kisu, nikasema mlango. Kadi kama zile nilikuwa nimezishika tangu nikiwa mdogo. Nilisifiwa.

Majibu aliyatoa direkta siku chache baadaye, mbele ya wazazi waliokusanyika uwanjani, na hakushusha sauti. "Baba Zaina, mutoto wako iko na akili ya mutoto mudogo. Hii hapana mi nasema, ni siyansi." Mimi nilipelekwa darasa lililo juu ya umri wangu. Yaya alipelekwa darasa la kwanza. Mama, ambaye kwa kawaida hazungumzi mbele ya wanaume wengi, alisema kwamba mtoto huyo ndiye aliyeiendesha nyumba yake kambini alipokuwa amelala kitandani. Direkta alimjibu kwa adabu kwamba kuendesha nyumba ni kazi ya mikono, na hapa wamepima kichwa. Mama alirudi shuleni wiki iliyofuata, akarudi tena. Mara ya mwisho aliachwa nje ya ofisi mpaka kengele ya kufunga ikalia. Baba hakwenda kabisa. Alikuwa mtu aliyeheshimu elimu kama anayeheshimu mvua, na kama elimu imesema, yeye ni nani? Neno muuguzi halikutoka tena kinywani mwake.

Yaya alijaribu. Alikaa benchi la mbele, magoti yakigusa kidevu, kati ya watoto ambao meno yalikuwa bado yanawang'oka. Walimwita mama wa première, yaani wa darasa la kwanza. Alivumilia, akawafunga wengine kamba za viatu, akawapangusa makamasi. Kisha asubuhi moja mwalimu alimwita ubaoni kusoma silabi, yaya akasoma sentensi nzima iliyokuwa chini yake, na mwalimu akamkemea kwamba hakuulizwa hiyo. Watoto walicheka. Yaya aliweka chaki mahali pake, akatoka, akaenda moja kwa moja ufukweni kuanika ndakala, dagaa wa ziwa letu, pamoja na mama. Hakuna aliyemfuata. Kiti chake kilipata mtu siku hiyo hiyo, maana watoto wa kukaa walikuwa wengi.

Kilichoniuma zaidi kilikuja polepole. Yaya aliacha kuuliza. Yule aliyewachosha watu kwa maswali akawa ananyamaza, na mtu akimuuliza hata jambo dogo, kama mvua itanyesha au kama shangazi atapenda kanga hii, alijibu kwa tabasamu: "Uliza mudogo wangu. Mi sinaka akili." Watu walicheka naye, wakidhani ni utani. Mwanzoni na yeye alidhani ni utani. Kabla sijamaliza shule ya msingi aliolewa kijijini Lweba, kwa mfanyabiashara mpole aliyemzidi umri, na siku ya kuondoka alinipa kitenge kile cha Idi, akaniambia nisome kwa ajili ya sisi wawili.

Nilisoma. Nilikwenda mjini na kusomea elimu ile ile aliyosomea mpimaji, na leo ninaifundisha. Ndipo nilipojua historia ya lile sanduku. Nilijifunza kwamba enzi za mkoloni watu wetu walipimwa mafuvu kwa rula na kupewa mafumbo ya picha, ili ijulikane nani awe karani na nani ateremke mgodini, na kwamba mafumbo hayo yalitungwa kwa ajili ya watoto waliokulia katika nyumba zenye paa la mteremko na maua. Nilijifunza kwamba kupanga vitu kwa jinsi vinavyotumika kuliitwa, miaka mingi, fikra ya chini, hadi wataalamu wenyewe walipoanza kuona haya. Akili nyingi huondoa maarifa. Mpimaji wetu alikopeshwa kipimo kilichokwisha kukataliwa kwingine, na hakuna aliyemwambia.

Likizo iliyopita nilikwenda Lweba kumweleza. Nilimkuta anachambua ndakala juu ya turubai, binti yake Amina akiwa kando yake anasuuza beseni. Nilizungumza kwa muda mrefu, nikachora kwa kidole mchangani, nikamweleza kwamba jibu lake kuhusu nyumba lilikuwa jibu la mtu mwenye akili kamili, aliyetoka kuiona nyumba yake. Alinisikiliza kama anavyosikilizwa mgeni, bila kunikatiza.

"Kwa hiyo balikosea," alisema.

"Walikosea, yaya."

Akaendelea kuchambua. "Na sasa banarudisha nini?"

Nilibadili mazungumzo, nikamwomba aniruhusu nimchukue Amina nikamsomeshe mjini, kwa kuwa nilisikia mwalimu wake analalamika kuhusu hesabu. Yaya alicheka, kile kicheko chake cha upole, akampapasa binti yake kichwani. "Muache tu. Huyu amenifuata miye. Hana akili." Amina hakuinua uso. Aliitikia kwa kichwa, akamwaga maji.

Baraka ya leo ina shule nyingi kuliko ile niliyoikuta kiangazi kile, na zile kadi sijaziona tena Fizi nzima. Wanafunzi wangu wakizisikia hucheka, kwao ni mambo ya kale. Mimi sicheki. Wakati wetu ilibidi mtu asafiri kutoka mjini na sanduku ndipo mtoto aambiwe kwamba hana akili. Amina hajawahi kupimwa na mtu yeyote.