Nilimpa mwanangu jina la marehemu shemeji, bibi yake akanirudishia mtoto

Wakuu, wakubwa shikamooni, wadogo mambo vipi. Haya yamenikuta mwenyewe, sijasimuliwa, na sina cha kujisifia humu.

Mimi ni Mwiraqw wa Daa, mkulima wa mahindi na mbaazi. Mke wangu ni Mmaasai wa Malambo.

Kwao walinikataa kabisa, isipokuwa kaka yake mmoja. Jamaa alikaa na mama yake siku nyingi akinitetea mpaka nikakubaliwa. Bila yeye nisingekuwa na mke.

Akaugua, akafariki bado kijana, hajaoa. Mke wangu alikuwa na mimba ya miezi saba.

Sasa kwetu, mtu uliyempenda akifariki, unampa mtoto jina lake. Mimi mwenyewe natembea na jina la babu ambaye sikumkuta.

Jina la shemeji kwa Kimaasai lina maana ya baraka. Nikaona limekaa fresh. Mtoto wa kiume alipozaliwa nikaenda kumwandikisha peke yangu, nilitaka iwe surprise.

Mke wangu aliposoma cheti alilia. Nikajua ni furaha. (Wanaume tuna vichwa vigumu, acheni tu.) Akasema neno moja, "Ungeniuliza." Tangu hapo akawa anamwita "mtoto" basi.

Alipofikisha miezi minne tukampeleka Malambo.

Mama mkwe alimpokea, akamtemea mate kidogo kichwani kumbariki, anacheka. Akauliza anaitwa nani.

Nikataja jina. Tena kwa sauti, nasubiri vigelegele.

Akaacha kucheka. Akanirudishia mtoto, akainama, akaingia ndani. Hakutoka mpaka tunaondoka.

Baba mdogo wa mke wangu akanivuta pembeni. "Mkwe, kijana akifa hajaacha mtoto, jina lake tunalizika naye. Hata mama yake halitaji. Wewe umelifukua mbele yake."

Wakuu, niliona aibu sana. Njiani nikamuuliza mke wangu mbona hakuniambia. Akasema hakuwa na nguvu ya kumwongelea kaka yake, na aliniona nimefurahi.

Nikabadilisha jina. Sasa anaitwa Tluway, kwa Kiiraqw ni mvua, maana alizaliwa inanyesha. Nikatuma ujumbe Malambo. Mama mkwe akajibu amesikia, tumlete mtoto barabara ikipitika.

Mvua zikachelewa kukatika. Mama mkwe akafariki kabla hatujafika.

Kwa hiyo alimshika mjukuu wake mara moja tu, na mimi ndiye niliyeikatisha. Naumia mpaka leo.

Funzo langu: ukioa kabila lingine, uliza. Uliza hasa lile unalolifanya kwa mapenzi, maana hilo ndilo hukumbuki kuuliza.

Juzi tunakula, Tluway, sasa ana miaka minne, akaniuliza, "Baba, bibi wa Malambo alikuwa anaitwa nani?"

Mke wangu, ambaye hajataja jina la mama yake tangu msiba, akaacha kula akanitazama.

Nikamwambia mtoto, "Kula, mwanangu." Akala. Jana akauliza tena.

Wamaasai mliomo humu, nisaidieni. Mama mkwe aliacha watoto, sijui kama jina lake nalo halitajwi. Huwa mnawajibu watoto nini?