Hidrojeni Kwenye Karanga za Bibi

Naikumbuka Ijumaa moja kwa sababu ya karanga.

Mwanangu, usicheke nikikuita hivyo. Nina miaka ishirini na saba na mtoto sina. Lakini bibi yangu, ambaye nusu ya shauri hili ni lake, amesema nimeshajiaibisha vya kutosha kuwashauri wengine. Basi kaa nikueleze nilivyojiaibisha.

Nilimaliza kidato cha nne bila kufaulu kemia. Miaka ikapita, kisha nikaamua kujifundisha mwenyewe hapa nyumbani Kyimo, ili nirudie mtihani kama mtahiniwa wa kujitegemea. Mwalimu sikuwa naye. Nilikuwa na kitabu kilichopoteza jalada, simu yenye kioo kilichopasuka, na daftari kubwa. Nikajiwekea sheria: sitajiandikisha mpaka niwe nimeandika elementi zote mia moja na kumi na nane, kila moja na alama yake, sifa zake na jinsi ilivyogunduliwa, bila kosa hata moja.

Mtihani wenyewe hautaki hivyo. Ishirini za kwanza ndizo unazotakiwa kuzishika kichwani. Nilijua, na bado nikaona ishirini ni za wavivu.

Halafu nikaongeza sheria ya pili, ambayo naona haya kuitaja. Nikisahau jambo, au wino ukivuja, au duara la elektroni likipinda likawa kama yai, nilichana kurasa zote na kuanza upya na hidrojeni. Nadhani hidrojeni niliiandika mara arobaini. Naijua kuliko ninavyowajua shangazi zangu: nyepesi kuliko zote, haina rangi, haina harufu, na ukiisogezea kijiti chenye moto inalia kwa mlio mmoja mkali kisha kimya. Lakini potasiamu, ya kumi na tisa, sikuwahi kuifikia. Kosa lilinikuta kabla yake kila mara.

Kurasa nilizochana nilizitupa kwenye kikapu cha kuwashia moto, jikoni kwa bibi, anakokaangia karanga zake za kuuza. Nilidhani zinaungua.

Ijumaa hiyo ilikuwa siku ya mwisho ya kujiandikisha. Mvua ilikuwa imekatika kidogo. Nilikuwa mlangoni na daftari mapajani, nimefika magnesi kwa mara nyingine, pikipiki ikaingia uani. Alikuwa Gwakisa, kijana wa Isongole anayeendesha bodaboda hapa barabarani, naye tuliangushwa na kemia mwaka mmoja.

“Dada Atu, bado hujavaa? Kule shuleni wanafunga saa nane.”

“Nani kakwambia naenda?”

“Unaenda. Mimi nikiingia peke yangu watadhani nimeleta abiria.”

Nikamuuliza anaenda kufanya nini. Akasema kujiandikisha kemia. Nikacheka, na kicheko hicho hakikuwa kizuri, mwanangu. Nikamuuliza, “Kemia umesomea wapi wewe?”

Akafunua kiti cha pikipiki, akatoa mfuko wa nailoni. Ndani kulikuwa na karatasi nyingi zilizokunjamana, zenye madoa ya mafuta na chumvi, zote zikiwa na mkunjo wa zile koni za kufungia karanga. Mwandiko ulikuwa wangu.

“Kwenye karanga za bibi,” akasema. “Kijiwe kizima tunazila. Mwenzangu akimaliza zake, namdai karatasi. Kaboni ninazo tano.”

Nilihisi masikio yanawaka. Makosa yangu yote, yale niliyoyaficha hata mimi mwenyewe nisiyaone, yalikuwa yamesomwa na kijiwe kizima cha bodaboda. Nikakimbilia jikoni.

“Bibi! Umeuza daftari langu?”

Bibi alikuwa anachuja majivu ya maganda ya ndizi, apate yale maji anayopikia maharage. Hakugeuka. “Mimi nimeuza karanga. Daftari ulilitupa wewe.”

Gwakisa alikuwa amenifuata hadi mlangoni. “Na usikasirike, dada. Hapa sodiamu umeipa elektroni kumi na mbili, na hapa kumi na moja. Nilikaa nazo siku nzima nikihesabu mpaka nikajua ipi ya kweli. Ungeniletea iliyo sahihi tu, ningeikariri na kuisahau. Ila kumi na tisa na ishirini sijazipata. Nimekula karanga mpaka tumbo limevimba. Potasiamu inatoka lini?”

“Haitoki,” nikasema, na machozi yakanitoka mbele yake. “Sijafika huko. Siko tayari. Nenda, mimi nitajiandikisha mwakani.”

Mwaka uliotangulia nilisema mwakani. Na ule uliotangulia huo. Bibi aliihesabu miaka hiyo, nikaiona machoni pake. Akaweka chujio chini.

“Kaa. Hizo elementi zako, aliyezipanga alikuwa anazijua zote?”

Ilibidi niseme ukweli. Nikamweleza kuhusu yule Mrusi wa zamani aliyezipanga kwa uzito na tabia, na alipokuta pengo hakulazimisha kuliziba. Aliliacha wazi, akasema hapa kuna kitu ambacho hakijaonekana bado, kitakuwa na uzito kiasi fulani na tabia za namna fulani. Baadaye wengine wakavikuta baadhi ya vitu hivyo, vikiwa karibu kabisa na alivyosema.

“Aliacha mashimo?”

“Ndiyo, bibi.”

“Akayaonyesha watu?”

“Akayachapisha.”

Bibi akacheka mpaka akashika kiuno. “Huyo alikuwa mkulima wa migomba! Lile shamba la bondeni, unafikiri nilipewa machipukizi yote siku moja? Nilichimba mashimo yote kwa mstari. Machipukizi niliyokuwa nayo nikapanda. Mashimo mengine nikatia samadi nikayaacha wazi, kila mpita njia ayaone. Jirani akiwa na chipukizi la ziada, anajua pa kulileta. Ningeng'oa yote kila nikikosa moja, wewe ungekula nini? Ungekula daftari?”

Gwakisa akaguna, “Labda lenye chumvi.”

“Nyamaza na wewe,” bibi akamwambia, lakini alikuwa anatabasamu. Akanigeukia. “Mpe huyu hiyo ya kumi na tisa, halafu muende.”

Nikatafuta daftari. Nilikuwa nimeliacha mlangoni. Nikatazama chungu chenye majivu, ndipo nikakumbuka, bila kusoma popote, kwamba iko mle.

“Potasiamu ni hiyo hapo,” nikasema. “Alama yake K. Imo kwenye majivu ya mimea, ila huwezi kuikuta peke yake. Ukiitenga ni metali laini, unaikata kwa kisu, na ukiigusisha maji inawaka kwa rangi ya zambarau hafifu, kama ua la viazi la kwenu Isongole. Aliyeitenga kwanza alipitisha umeme kwenye chumvi ya majivu iliyoyeyushwa.”

“Chumvi ya majivu haya haya?” bibi akauliza, akakitazama chungu chake kama anavyomtazama mgeni aliyekuja bila taarifa.

Nikaokota kipande cha mkaa, nikachora sakafuni: mbili, nane, tisa.

“Tisa?” akasema Gwakisa. “Argoni si ilitosheka na nane?”

Nilikuwa nimekosea. Mkono ukanyooka wenyewe kutafuta ukurasa wa kuchana, na hapakuwa na ukurasa. Palikuwa na sakafu. Bibi alikuwa ananiangalia. Nikafuta elektroni moja kwa kidole cha mguu, nikachora duara la nne, nikaiweka huko nje peke yake. Mbili, nane, nane, moja. Duara lilipinda kama yai. Nikaliacha.

Tulifika shuleni saa saba na nusu tukiwa tumelowa. Mwalimu aliyekuwa akiandikisha, mtu wa Tanga aliyehamishiwa huku kwenye baridi na bado anavaa makoti mawili, akauliza tumejiandalia kituo gani.

“Kituo cha Karanga, mwalimu,” akajibu Gwakisa.

Matokeo yalipotoka nilipata C. Gwakisa alipata B, na akinipakia ananipigia honi mara mbili kunikumbusha kwamba alinizidi.

Basi shauri langu ni hili, mwanangu, wewe unayechana kurasa. Acha kosa lako lionekane, ulirekebishe pale pale lilipo. Usichokijua kiachie nafasi, uandike pembeni kwamba bado, kisha uendelee na kinachofuata. Na siku ya mwisho ya kujiandikisha ikifika, nenda ulivyo, na wino wako unaovuja. Mimi mwenyewe bado sijapona. Hapo juu kuna sentensi mbili zinazoniudhi, na nimeziacha.

Mungu akupe bibi mkali na rafiki asiyeogopa kukuuliza “tisa?” Akuzidishie mashimo yenye samadi, na akujaalie majirani wenye machipukizi. Ndaga, yaani asante, mwanangu. Nenda ukavae, wanafunga saa nane.